Usimpige Mvutaji Ukamwacha Muuzaji

Masomo: Matendo ya Mitume 19:18-41, 1 Wakorintho 6:12-20, Isaya 55:2

Tunawasalimu ninyi mlio hapa Mboko, ninyi wa kandokando ya ziwa kutoka Makobola mpaka Baraka, ninyi mnaotusikia huko milimani, na ninyi wavuvi mliotoka ziwani alfajiri hii mkafungua redio kabla ya kulala. Leo tunasema juu ya sigara.

Tunajua wengine wanajibu tayari: "Mchungaji, hilo tulilisikia tangu darasa la ubatizo. Mkristo havuti, basi." Ni kweli, mlilisikia. Lakini tunawaomba mkae nasi mpaka mwisho, maana leo hatusemi na mvutaji peke yake. Tutasema pia na yule anayemwuzia. Na yule, wapendwa, mara nyingine anaketi kwenye kiti cha mbele, anaimba katika kwaya, na anatoa zaka kila mwezi.

Kwanza tujibu swali la vijana. Wanatuuliza: ni mstari gani wa Biblia unaokataza sigara? Jibu la kweli ni kwamba hakuna mstari unaoitaja. Petro na Paulo hawakuiona tumbako kwa macho yao. Mmea huu ulikuwa Amerika, ng'ambo ya bahari kubwa, na watu wa Ulaya waliujua baada ya Christopher Columbus kufika kule mwaka 1492. Kisha mabaharia na wafanyabiashara wakaueneza Ulaya na Afrika. Hata jina lake si la kwetu: tumbako linatokana na "tabaco" la Wahispania na Wareno. Kwa hiyo anayesema kiko ni mila ya mababu, ajue ya kwamba mababu wa mababu zetu hawakukijua. Ni mgeni aliyezoeleka nyumbani.

Lakini Paulo, katika waraka wa kwanza kwa Wakorintho sura ya 6, anatupa maswali mawili ambayo hayaishi. La kwanza: kitu hiki ninachosema nina ruhusa nacho, je, kimenitawala? La pili: mwili huu, ambao Roho Mtakatifu anakaa ndani yake na ambao umenunuliwa kwa damu, ninautumiaje? Yeye anayeamka usiku kutafuta sigara kabla ya kutafuta maji, amekwisha kujibu swali la kwanza mwenyewe.

Sasa tutazame jinsi watu walivyopigana na tumbako miaka zaidi ya 400. Tutaona jambo moja likirudi kila mara.

Mwaka 1604 mfalme James wa Kwanza wa Uingereza aliandika kitabu kizima kuipinga tumbako. Alisema inadhuru ubongo na mapafu, na moshi wake unanuka vibaya. Mwaka uleule akapandisha kodi ya tumbako zaidi ya mara 40. Tungefikiri huyu ndiye adui mkubwa wa sigara. Lakini biashara ilikua, hasa pale Waingereza walipoanza kulima tumbako katika koloni lao la Virginia. Mwaka 1619 watu weusi zaidi ya 20, waliotekwa pande za Angola, wakashushwa huko na kuuzwa. Wengi waliowafuata walimwaga jasho na damu katika mashamba ya tumbako. Na mfalme? Mwaka 1624 aliifanya biashara ya tumbako kuwa mali ya ufalme, ili faida iingie kwake. Mtu aliyeichukia tumbako kwa kalamu, aliipenda kwa mfuko.

Huko Uturuki, mwaka 1633, sultani Murad wa Nne alikataza tumbako kabisa, na aliyekamatwa akivuta aliweza kuuawa. Watu walikufa. Je, moshi uliisha? Haukuisha. Sultani alipokufa, katazo lake nalo likafa, na watu wakavuta mchana kweupe. Mwaka 1642 Papa Urbano wa Nane alikataza tumbako ndani ya makanisa ya Sevilla, Hispania, kwa sababu hata mapadri walikuwa wakiitumia katika ibada. Mwaka 1725 Papa mwingine akaliondoa katazo hilo.

Mnaona, wapendwa? Upanga ulimpiga mvutaji, na sheria ilimtisha. Lakini faida haikuguswa, na palipo na faida moshi unarudi.

Kulikuwa na njia nyingine. Mwaka 1744 John Wesley, mhubiri wa Uingereza, aliandikia vikundi vidogo vya waamini wake mashauri, na moja lilikuwa kuacha tumbako ya kunusa na ya kuvuta, isipokuwa daktari ameiagiza. Angalieni mahali alipoliweka shauri hilo. Hakulipeleka kwa askari wala kwa mahakama. Aliliweka ndani ya kikundi cha watu wachache waliokutana kila juma, kila mmoja akimwuliza mwenzake: wiki hii ulijaribiwa wapi, ulianguka wapi, tukuombee nini? Katazo lilikuja pamoja na mkono wa kumshika mtu.

Kutoka mti huo wa Wesley yalichipuka makanisa mengi ya utakatifu. Ndugu zetu wa Methodiste Libre, majirani zetu hapa Fizi, ni tawi lake. Na sisi Wapentekoste tulichota katika chemchemi hiyohiyo. Wamisionari wa Sweden na wa Norway walipofika Kivu yetu katika miaka ya 1920, walikuja na Injili, wakaja na katazo la pombe na sigara. Tulilipokea katazo. Lakini je, tulipokea na vile vikundi vya kushikana mkono? Kila kanisa lijipime.

Tuendelee. Zamani sigara zilisokotwa kwa mkono, moja moja, nazo zilikuwa ghali. Mwaka 1881 Mmarekani James Bonsack alipata hati ya mashine iliyoweza kutoa sigara zaidi ya 100,000 kwa siku. Sigara ikawa rahisi hata kwa mtoto. Hapo ndipo mwalimu mmoja wa shule, mwanamke Mkristo jina lake Lucy Page Gaston, aliposimama. Mwaka 1899 alianzisha huko Chicago chama cha kupinga sigara. Aliwafundisha watoto kuweka ahadi ya kutovuta, na aliwafuata wauzaji waliowauzia watoto. Majimbo 15 ya Marekani yalifikia kukataza uuzaji wa sigara. Hapo mkono wa sheria uliigusa meza ya muuzaji!

Kisha ikaja vita. Katika Vita Kuu ya Kwanza askari walipelekewa sigara kwa wingi, na hata vyama vya Kikristo kama YMCA viligawa sigara kwenye uwanja wa vita, vikidhani vinawafariji vijana. Vijana wale walirudi nyumbani wakiwa wamefungwa. Kufikia mwaka 1927 sheria zote za yale majimbo zilikuwa zimefutwa. Sisi wa Fizi hatuhitaji kufundishwa neno hili. Tumeishi na vita tangu 1996, na tunajua ni vijana wangapi waliojifunza sigara na bangi porini, wakiwa na bunduki begani na njaa tumboni. Vita vinapoingia, moshi unaingia navyo. Vita vinapotoka, moshi unabaki.

Mwaka 1950 watafiti wawili wa Uingereza, Richard Doll na Austin Bradford Hill, walitoa matokeo ya uchunguzi wao. Walikuwa wakitafuta kwa nini saratani ya mapafu inaongezeka. Mwanzoni Doll alidhani ni moshi wa magari au lami ya barabara. Waliwauliza wagonjwa hospitalini, na jibu likatoka: ni sigara. Doll mwenyewe alikuwa mvutaji. Alipoona hesabu, aliacha. Mwaka 1964 serikali ya Marekani nayo ikatangaza wazi ya kwamba sigara inaleta saratani ya mapafu. Mwaka 1981 daktari wa Japani, Takeshi Hirayama, akaonyesha ya kwamba hata mke asiyevuta kamwe anaweza kupata saratani kwa moshi wa mume wake. Mama unayelala na watoto katika chumba kimoja na mvutaji, wewe nawe unavuta bila kupenda.

Na hapa ndipo anapoingia Demetrio.

Mnamkumbuka Demetrio wa Efeso. Alikuwa mfua fedha, akitengeneza vihekalu vya mungu wa kike Artemi. Injili ilipoingia Efeso na watu wakaanza kuacha sanamu, Demetrio aliwakusanya mafundi wenzake. Neno lake la kwanza halikuwa juu ya mungu wao. Aliwakumbusha ya kwamba utajiri wao unatoka katika kazi hii. Baada ya hapo ndipo alipotaja heshima ya Artemi, na mji mzima ukapiga kelele kama saa mbili, wengi wao wasijue hata kwa nini wamekusanyika. Mfuko ulikuwa mbele, dini ikafuata nyuma kama kifuniko.

Wenye viwanda vya sigara walifanya vivyo hivyo. Mwezi wa Januari 1954 walitoa tangazo katika magazeti zaidi ya 400 ya Marekani, wakisema hakuna uhakika wa madhara na wao wanajali afya ya watu. Mwaka 1994 wakubwa saba wa kampuni hizo walisimama mbele ya bunge la Marekani, wakaapa, na kusema wanaamini nikotini haimfungi mtu. Mwaka 2006 jaji Gladys Kessler akahukumu ya kwamba kampuni hizo ziliwadanganya watu kwa miaka mingi. Wavutaji walipozidi kupungua katika nchi tajiri, soko lilielekea kwetu. Leo, katika kila wavutaji 10 duniani, karibu 8 wanaishi katika nchi zenye kipato cha chini au cha kati. Shirika la Afya Duniani linasema tumbako inaua zaidi ya watu milioni 7 kila mwaka. Huo ni umati wa watu!

Mwaka 2003 mataifa yalikubaliana juu ya mkataba wa kupinga tumbako, na nchi yetu ya Kongo iliuthibitisha mwaka 2005. Kifungu cha 16 kinataka sigara isiuzwe kwa watoto, wala isiuzwe na watoto, na nchi zijitahidi kukomesha uuzaji wa sigara moja moja. Jirani zetu wameendelea mbele. Kenya ilitunga sheria mwaka 2007 na Uganda mwaka 2015. Demetrio hakulala: British American Tobacco ilikwenda mahakamani katika nchi zote mbili kuyapinga masharti hayo. Mwaka 2019 ilishindwa Uganda, na mwaka huohuo ikashindwa katika Mahakama Kuu ya Juu ya Kenya.

Sasa turudi Mboko. Sigara inatufikiaje? Haitufikii kwa katoni. Inatufikia moja moja, juu ya meza ndogo kando ya barabara, kati ya biskuti, sabuni na kiberiti. Mtoto wa masomo mwenye franga mia chache anaweza kuinunua. Mara nyingine mwenye kuuza ni mtoto pia, akizunguka jioni na sahani kichwani. Na mara nyingine baba anamwambia mwanawe: "Nenda ukaniwashie hii jikoni." Mtoto anavuta mara moja ili iwake. Hiyo ndiyo shule yake ya kwanza ya tumbako, na mwalimu wake ni baba.

Tunasema haya kwa unyenyekevu, maana tunajua ni nani anayekaa kwenye meza ile. Mara nyingi ni mjane. Ni mama aliyekimbia vita akaacha shamba lake. Ni kijana aliyemaliza masomo akakosa kazi. Faida ya sigara inamnunulia chumvi na unga wa muhogo. Hatumwiti Demetrio. Demetrio yuko mbali, katika jumba kubwa, na mama huyu ni mkono wake wa mwisho tu. Lakini mkono huo ndio unaomfikia mtoto wetu.

Kwa hiyo tunalipa kanisa mambo matatu.

La kwanza ni kwa muuzaji. Someni tena Matendo 19, mstari wa 18 na 19. Waamini wa Efeso waliokuwa na vitabu vya uganga walivileta na kuvichoma mbele ya wote. Hesabu ya thamani yake ilikuwa vipande vya fedha elfu hamsini. Hawakumtafuta mpagani wa kuwanunulia ili wapate faida ya mwisho. Mama mpendwa, utasema: "Nimalize kwanza pakiti hizi." Usizimalize katika mapafu ya mtoto wa jirani. Lakini kanisa nalo lisimwambie mama huyu "acha" na kumwacha na meza tupu. Hata ule mkataba wa mataifa, kifungu cha 17, unasema wakulima na wauzaji wa tumbako wasaidiwe kupata kazi nyingine. Ikiwa mataifa yameliona hilo, je, mwili wa Kristo? Tuna likelemba, tuna vikundi vya AVEC, tuna wamama wa huduma. Anayeacha sigara mezani apewe zamu ya kwanza. Aanze na ndagala, aanze na mafuta ya mawese, aanze na sabuni. Na wazee wa kanisa wajue mapema: kwa miezi michache zaka yake itapungua. Kanisa linaloogopa upungufu huo limekaa kiti kimoja na mfalme James, linapiga tumbako kwa mdomo na kuila kwa mfuko.

La pili ni kwa mvutaji. Hatufuti nidhamu ya kanisa. Katazo ni jema, nalo limeokoa wengi. Lakini mtu asitengwe na Meza ya Bwana kisha asahaulike mpaka siku ya mazishi. Apewe ndugu wawili au watatu wa kumtembelea kila juma, kama vile vikundi vya Wesley. Wajue ya kwamba mwenye kuacha atakuwa na hasira, atakosa usingizi, kichwa kitamwuma, na juma la kwanza ni gumu kuliko yote. Msikimbilie kusema pepo limerudi. Ni mwili unaolia kwa kuzoea nikotini, na kilio hicho kinapungua katika majuma machache. Ombeni naye, mpeni maji, nendeni naye ziwani usiku ule wavuvi wenzake wanapowasha. Na akikohoa zaidi ya majuma mawili, mpelekeni kwenye kituo cha afya apimwe kifua kikuu, maana tumbako inakifungulia ugonjwa huo mlango. Kumpeleka si kukosa imani.

Tena mpeni tumaini. Yule daktari Doll na wenzake waliwafuata madaktari wa Uingereza kwa miaka 50, wakaona mvutaji wa siku zote anapoteza kama miaka 10 ya maisha. Lakini anayeacha akiwa na miaka 30 anairudisha karibu yote. Akiacha kwenye 40 anarudisha kama 9, kwenye 50 kama 6, na hata kwenye 60 kama 3. Mzee mwenye kiko, usiseme muda umepita.

La tatu ni kwa baba na mama nyumbani. Usimtume mtoto kununua sigara. Usimpe akuwashie. Fanya hesabu mbele yake: mwenye kutumia franga 500 kwa siku anachoma franga 182,500 kwa mwaka. Nabii Isaya, sura ya 55, anatuuliza kwa nini tunatoa fedha kwa kitu kisicho chakula. Swali hilo lijibiwe mezani kwako, watoto wakisikia.

Wapendwa, kwa miaka 400 dunia ilimkimbilia mvutaji kwa fimbo kwa sababu yeye ni rahisi kuonekana, moshi unamtangaza. Faida haina moshi, ndiyo sababu inasahaulika. Yesu aliingia hekaluni, na alipofika kwenye meza za wenye kubadili fedha hakupita pembeni. Alizipindua. Na vipofu na viwete walipomjia palepale, aliwaponya. Kanisa lifuate mwendo huo: liguse meza, na limponye mtu.

Tuombe. Bwana Yesu, mfungue ndugu aliyefungwa na sigara, wewe unalijua jina lake na mahali alipo saa hii. Mpe dada anayeuza nguvu ya kuacha, na utupe sisi mikono ya kumsaidia kabla njaa haijamrudisha. Walinde watoto wa Mboko na wa Fizi yote. Walete nyumbani vijana walio porini, bila bunduki na bila moshi. Kwa jina lako tumeomba. Amina.

Mwenye kutaka kuacha, au mwenye kutaka kubadili biashara yake, amwone mchungaji au shemasi wa kanisa lililo karibu naye juma hili hili. Asingoje Jumapili. Mungu awabariki.